Maana ya Jina la Mjukuu Wangu

Jumatatu, 3 Juni

Salamu kwanza, tumelelewa hivyo. Binti yangu hajambo, mshono umeanza kukauka. Mjukuu hajambo, ananyonya kama ana kesi na maziwa. Baba yake hajambo, amelala. Babu hajambo, naye amelala. Mimi sijambo, ila hasira.

Mama mkwe wa binti yangu kaleta jina la mtoto! Namwita Bi Najua, maana kila neno lake linaanza hivyo. Kalitoa kwenye simu. Eti maana yake malkia wa mapambazuko. Jina lenyewe siliandiki hapa, lisije likazoea nyumba. Nikasema mtoto ataitwa jina la marehemu mama yangu, aliyetulea kwa kufua nguo za watu. Bi Najua akasema anajua, lakini hilo ni jina la kizee. La kizee! Kwani mama alizaliwa mzee?

Ijumaa wanakwenda kuchukua cheti cha kuzaliwa.

Jumanne, 4 Juni

Nimekwenda kwa fundi simu anikagulie maana ya hilo jina mtandaoni. Ukurasa wa kwanza: mto mdogo. Wa pili: mpiga mishale. Wa tatu: malkia wa mapambazuko, na kila jina pale ni malkia wa kitu fulani. Nikauliza nani anaandika haya. Akasema yeyote, mama, hata wewe, unajaza tu kisanduku cha chini.

Heri asingeniambia.

Nikatamka, akaandika: asiyelala wala kulaza wenzake, mwenye kuwatupa wazazi uzeeni. Fundi akauliza kama nina uhakika. Nikamwambia aandike, asinipandishe presha.

Jumatano, 5 Juni

Nimemwambia binti, kwa upole, aangalie tena ile simu, majina si ya kukurupukia. Akaangalia. Akalia! Usiku kucha mtoto hakulala, binti akasema kumbe ni jina. Nilitaka kukiri ni mimi niliyeandika. Nikambeba mjukuu, nikamzungusha sebuleni mpaka miguu ikafa ganzi, nikimnong'oneza jina la mama yangu. Akalala fofofo. Wanataka ushahidi gani tena?

Alhamisi, 6 Juni

Bi Najua kaja mbio. Nikangoja aone aibu. Thubutu! Akasema anajua, mambo ya simu hayaaminiki, mtoto apewe jina la mtu ambaye mwenendo wake mnaufahamu. Nikaitikia kwa nguvu, hapo umesema, hapo umesema! Nilijua jina la mama yangu limepita.

Mkwe wangu, ambaye hajafungua mdomo tangu mtoto azaliwe isipokuwa kwa kula, akaamka kitini akasema basi aitwe jina la mama yake. La Bi Najua! Nikaruka. Binti akanishangaa: mama, si umekubali mwenyewe sasa hivi?

Ijumaa, 7 Juni

Cheti kimetoka, na muhuri juu. Bi Najua kakibeba kifuani kama aliyezaa ni yeye. Nimelia msalani, nikanawa uso, nikampikia binti uji. Mtoto hana kosa. Nimemwita kwa hilo jina, akapiga miayo. Angalau ana akili.

Lakini ngoja. Jina la Bi Najua nani kalikagua? Hakuna! Nimemtumia fundi simu ujumbe: habari yako, habari ya mkeo, watoto, mama yako na mgongo wake, duka nalo. Kile kisanduku cha chini bado kiko wazi? Nijibu upesi, kabla hasira hazijapoa.