Rangi ya Roketi ya Brant Tarlow

Jumapili, 3 Mei 1936

Hili sijapata kumwambia mtu yeyote, hata padri: ukurasa wa kwanza wa katuni ya Brant Tarlow, shujaa wa anga za juu, sijawahi kuuona. Mimi, Ludvik Kosar, ambaye shule nzima inaniita Profesa wa Zohali! Katuni ilipoanza, Januari 1931, nilikuwa na miaka kumi, mgodi ulikuwa umefungwa, na baba hakununua gazeti la Jumapili. Nilianzia ukurasa wa tisa. Ulikuwa umefungiwa samaki wa chumvi. Brant alikuwa akining'inia kwenye pete ya sayari ya Zohali kwa mkono mmoja. Chini yake hakuna kitu. Nyota tu, na harufu ya samaki. Nilisahau kula. Tangu hapo nimekata kila ukurasa nikaubandika daftarini. Kurasa nane za mwanzo nazijua kwa kusikia.

Jumatatu, 4 Mei

Bwana Rizzo, mwenye sinema, amekuja darasani! Jumamosi anaonyesha sehemu ya kumi na tatu ya filamu ya Brant, ya mwisho. Anataka mwanafunzi apande jukwaani kabla ya filamu aeleze Brant alikotoka: gazetini, kisha redioni, kisha kwenye sinema. Darasa zima likaanza kuimba: Profesa! Profesa! Nilitamani kuingia chini ya dawati. Nikakubali.

Gethin Probert, mtoto wa mwenye duka la dawa, akainua mkono. Akauliza: katika ukurasa wa kwanza, roketi ilikuwa ya rangi gani?

Swali la kishetani. Filamu ni nyeusi na nyeupe. Redioni roketi ni feni inayovuma ndani ya karai. Gazeti la Jumapili, linalochapwa kwa rangi, peke yake ndilo linalojua. Nikajibu: nyekundu. Kwa sauti ya mtu aliyeiona.

"Haya, Profesa," akasema. "Mjomba wangu wa Pittsburgh hatupi gazeti. Tutaona Jumamosi."

Mpira siujui. Wasichana wakiniuliza saa, nasahau namba. Brant ndiye kitu pekee ninachojulikana nacho. Nikivuliwa hilo, inabaki miwani.

Jumanne, 5 Mei

Muujiza! Asubuhi babu alikuwa chooni na kiko chake, maana yake saa nzima. Nikaruka uzio kwenda choo cha jirani yetu, Mama Hudak, mjane. Vyoo vyote vya mtaa wetu vimebandikwa magazeti ndani kuzuia upepo. Nikaketi. Nikainua macho.

UKURASA WA KWANZA.

Mzima! Brant bado ni rubani wa barua tu, na ndege yake imeanguka kwenye theluji. Kisha roketi inashuka kutoka mawinguni. Kisha, picha ya mwisho, dunia yetu yote inaonekana kwa dirisha dogo, ndogo kama punje ya dengu, na Brant ameiwekea kiganja kwenye kioo kana kwamba anaiaga. Mtu fulani alikaa mezani na wino akawaza hayo! Nilivua kofia. Mlango una tundu lenye umbo la mwezi mchanga, na jua linapita hapo kuupiga ukurasa wote kama taa ya jukwaani. Sijui nilikaa muda gani. Hata kanisani sijawahi kukaa vile.

Ndipo nikaitazama roketi.

Ya bluu.

Jumatano, 6 Mei

Nimekwenda kwa Mama Hudak mara nne kuhakikisha. Bluu, bluu, bluu, bluu. Mara ya nne alikuwa ananisubiri nje, mikono kiunoni. "Ludo mwanangu, tumbo hilo si la kawaida. Huko kwenu unalishwa nini, misumari?" Kisha akamwita mama kupitia uzio, mtaa mzima ukasikia. Mama amenipa vijiko viwili vya mafuta ya nyonyo, dawa ya kusafisha tumbo. Ziara ya tano na ya sita zilikuwa za kweli.

Alhamisi, 7 Mei

Mpango: kuubandua ukurasa uwe wangu, nao uwe ushahidi. Gundi yao ni unga wa ngano tu. Mvuke utailainisha. Nikasubiri Mama Hudak aende sokoni, nikaingia na jiko dogo la mafuta ya taa na birika la mama. Kona ya kwanza ikaachia. Ya pili ikaachia!

Mvuke ukatokea kwa tundu la mwezi. Mama Hudak alikuwa amesahau mkoba, akarudi.

"Moto! Jamani, choo changu!"

Ndoo nzima ya maji, kupitia mlangoni, juu yangu. Ukurasa ukachanika ukawa uji. Kilichobaki mkononi ni kipande cha upande wa nyuma: tangazo la kabichi ya kopo. Mama Hudak alitazama jiko, birika, mimi. Akauliza kama nimeanza kupikia chai chooni. Nikasema ndiyo.

Nyonyo tena.

Ijumaa, 8 Mei

Brant amechanika kwa mkono wangu. Nimelia kidogo. Lakini ukweli ninao! Kesho nitakiri hadharani kwamba nilikosea, nitasema bluu kabla Gethin hajanikamata, na watu watasema: tazameni mtaalamu anayejisahihisha. Nimefanya mazoezi mbele ya kuku.

Jumamosi, 9 Mei

Ukumbi ulijaa. Nilipofika kwenye ile dunia ya punje ya dengu, watoto mia mbili waliinama mbele vitini, na sauti yangu ikawa kama si yangu. Nikaeleza jinsi redio ilivyompa Brant kicheko, na jinsi sinema ilivyombadilisha nywele za njano zikawa nyeusi kwa sababu mwigizaji alikataa kupakwa rangi. Walicheka palipostahili!

Kisha nikavuta pumzi. Nikasema: Jumatatu nilikosea. Roketi ilikuwa ya bluu.

Gethin akasimama, na ukurasa wa mjomba wake mkononi, safi kama umechapwa jana. Akaonekana kuchanganyikiwa. "Lakini ni nyekundu, Profesa. Nilikuja kukupa mkono. Ulikuwa umepata!"

Ukumbi ukapasuka kwa kicheko. Bwana Rizzo akazima taa kwa huruma.

Jumapili, 10 Mei

Gethin alinisubiri nje ya kanisa. Si mbaya kama nilivyodhani. Alisema mabango ya dirisha la baba yake hufanya vivyo hivyo: jua hula wino mwekundu na wa njano kwanza, ule wa bluu wa chini yake unabaki. Akauliza, kwa upole kabisa, ukurasa wangu niliuweka wapi mpaka ukafifia.

Ningeweza kusema chooni kwa Mama Hudak. Maneno machache tu.

Nikamwambia haukufifia. Ni toleo la siri, la roketi ya bluu, linalochapwa nakala kumi na mbili tu kila Jumapili. Macho yake yalikuwa kama sahani! Akaomba aone hata ukurasa mmoja. Nikamwambia aje baada ya wiki tatu.

Nikarudi nyumbani, nikachukua ukurasa wa Brant wa gazeti la leo, wenye roketi nyekundu, nikaubandika kwa unga na maji kwenye dirisha linalopigwa na jua zaidi, nikavuta kiti, nikakaa kuusubiri ugeuke bluu.