Mmea Usiojulikana Babu Yake

Wakaazi wote wa Maskati, walio ndani ya ukuta na walio nje, wanaarifiwa ya kwamba kuanzia mwezi wa Machi 1967 hakuna jani litakalotoka nchini bila ya jina la baba, jina la babu na kabila. Tangazo hilo lilibandikwa kwenye mlango wa Idara ya Majina na Nasaba, na lilikuwa la haki tupu. Binadamu hatoki mpaka babu yake ajulikane. Majani yana ubora gani?

Aliyelibandika ni Aflah, karani. Aflah alikuja kutoka Unguja mwaka sitini na nne, na sanduku moja na cheti cha ualimu, akakaa miezi kumi na minne kwenye benchi la idara hiyohiyo akisubiri babu yake athibitishwe kuwa alitokea huku. Babu alipothibitishwa, benchi lilikuwa limeshamzoea, ikaonekana heri aajiriwe.

Mkuu wa idara alikuwa Sheikh Yaarub. Naye alitokea Unguja, lakini alirudi miaka kumi kabla ya wenziwe, kwa hiari yake, na hakupenda watu waisahau tofauti hiyo. Hakuwa mtu mbaya. Kila ombi alilijibu kwa upole, "Rudi Jumamosi," hata siku yenyewe ikiwa Jumamosi.

Tangazo liliandikwa kwa ajili ya mtu mmoja, Profesa Amstutz, Mswisi wa mimea. Profesa alizaliwa baina ya ng'ombe na theluji, na alipokuwa na miaka sita alikula ua asilolijua ili alijue, akaugua wiki nzima. Alifundisha chuo kikuu miaka thalathini na moja. Miwili aliipitisha Amani, milima ya Usambara, akarudi na Kiswahili kilichonyooka kama rula. Lakini wenziwe wote walikuwa wameshagundua mimea mipya, mmoja wao kumi na tisa, na yeye hajagundua hata ukoka. Mwezi wa Juni anastaafu. Ndipo alipoukuta mmea wake, kwenye majabali ya Yiti, nje ya Maskati: kijiti kifupi cha kijivu, kichungu, ambacho mbuzi walikipita kama hawakukiona. Profesa alilia mbele ya mbuzi wale.

Aliukausha baina ya magazeti, akautia kwenye kasha. Sasa kasha liko stoo ya idara, wadudu wameanza kulila pembeni, na meli ya Bombay, njia ya Profesa ya kurudi Ulaya, inaondoka Alhamisi.

"Jina?" aliuliza Sheikh Yaarub, kalamu mkononi.

"Bado haujapewa," alisema Profesa. "Nitaupa mimi."

"Baba yake?"

"Hajulikani. Lakini ukoo wake ni mkubwa sana, Sheikh. Unakaribia elfu nne."

"Elfu nne, na hapana hata mmoja aliyekuja kumdhamini?" Sheikh alisikitika kwa dhati. "Rudi Jumamosi."

"Jumamosi meli itakuwa imeondoka, na wadudu watakuwa wamemaliza."

"Wadudu gani? Na wao hawajaandikishwa."

Mchana ule Aflah hakuweza kula. "Mzee wa watu machozi yanamlengalenga," alimwambia mkewe, Shaikha. "Nnamtazama, nnajiona mie kwenye lile benchi."

"Wewe walikutaka nini mwisho?" aliuliza Shaikha.

"Mkubwa wa kabila anitilie sahihi."

"Basi na huo mmea mpeni mkubwa. Huyo Sheikh wenu hapendi kulisikia jina lake?"

Asubuhi yake, Profesa akiwa amesimama pembeni, Aflah alimweleza Sheikh, kwa heshima zote, kwamba Profesa anaomba ruhusa ya kuuita mmea Yaarub.

Sheikh aliiweka kalamu chini. "Jina langu litakaa Ulaya?"

"Vitabuni, Sheikh. Daima."

"Wasije wakaniweka na mchicha."

"Utakuwa peke yako," alisema Profesa, naye hakuwa anatania.

Idara ilikuwa na daftari moja tu, la watu, na Sheikh hakutaka karani aiguse heshima ile. Aliandika kwa mkono wake mwenyewe: Yaarub. Mdhamini: Yaarub. Safari: moja. Kurudi: hapana. Akagonga mhuri. Aflah aliusoma mstari ule mara mbili, akaupuliza wino ukauke. Profesa alilikumbatia kasha, na Alhamisi akapanda nalo melini.

Mwezi wa Agosti macho yalimsumbua Sheikh Yaarub, akataka kwenda Bombay kwa daktari. Aflah alilifungua daftari.

"Sheikh, wewe umeshaondoka."

"Nani?"

"Wewe. Mwezi wa Aprili. Hakuna kurudi. Mhuri wako huu."

"Lile lilikuwa jani lile!"

"Mimi nnajua, Sheikh. Idara ndiyo haijui."

Kwa kanuni aliyoitunga Sheikh mwenyewe, kosa la daftarini husahihishwa kwa barua ya aliyemwona msafiri akifika. Ikabidi Profesa aandikiwe. Sheikh akakaa kwenye benchi, baina ya watu wa Unguja waliokuwa wakisubiri babu zao. Siku ya kwanza waliona haya kumwamkia. Wiki ya tatu walikuwa wanamgaia halua.

Barua ilifika mwezi wa Oktoba, na Aflah aliisoma kwa sauti, kama kanuni itakavyo.

"Nathibitisha kwamba Yaarub amefika salama. Ni mfupi, mkavu na mchungu. Hukaa hapohapo miaka yote, huziba njia, na hata mbuzi hawamtaki. Kwa ajili yake sikuishi bure, nami nampenda sana."

Aflah alimtazama Sheikh tangu kilemba mpaka makubadhi, akairudia barua, akamtazama tena.

"Sifa zinalingana, Sheikh," alisema. "Iliyobaki ni hiyo ya kupendwa, inataka mashahidi. Rudi Jumamosi."

"Leo Jumamosi, Aflah."

"Nnajua, Sheikh."

Watu wa kwenye benchi wakasogea kumpa nafasi.