Mwenyekiti wa Riba na Masanduku ya Mita

Jumatatu, 3 Machi

Leo nimekuwa mtu wa hatari. Nasema kweli. Mkurugenzi wa Shirika la Maji angejua ninachopanga, asingemaliza chakula chake.

Mambo yalianzia mezani. Mpwa wangu, anayesomea uhasibu, kasema iko kanuni: shirika la umma likimcheleweshea fundi mdogo malipo, linamlipa deni lake na riba juu. Kijiko kiliniponyoka. Mimi! Niliyewachomelea masanduku sitini ya mita, yamelala stoo kwao tangu mwaka jana, na senti sijaiona! Mashine yangu ya kuchomelea nayo iko rehani kwa Mama Nondo, mwenye duka la vyuma. Siku ya kulipa imeshapita; nisipolipa Jumamosi hii, anaiuza. Bila mashine mimi si fundi, ni mtu tu mwenye makovu mikononi.

Shemeji, fundi rangi, kaka wa mke wangu, kacheka. Kasema hajawahi kuona mtu kalipwa riba na shirika. Naye anawadai, kawapakia rangi tangi lao la maji. Wivu huo.

Mama mkwe kapoteza miwani yake. Nyumba nzima imepinduliwa. Nimesaidia kutafuta.

Jumanne, 4 Machi

Nimevaa suti ya harusi. Kifungo cha suruali kimegoma, nimefunga kwa waya. Mapokezi wameniambia nikae. Nimekaa kwa ukali.

Mhasibu kauliza kama masanduku yamekaguliwa. Nimemwambia asinihamishe kwenye hoja, riba kwanza! Kanywa maji. Mtu akinywa maji mbele yangu, huyo kaisha. Kasema Alhamisi atakuja na mkaguzi. Wanatapatapa!

Jumatano, 5 Machi

Nimeunda chama cha wanaocheleweshewa malipo. Mwenyekiti: mimi. Katibu: mimi pia, mpaka apatikane anayefaa. Walikuja karakanani Shemeji, fundi cherehani aliyeshona sare za shirika, na Mama Nondo, aliyepita kuhakikisha sijatoroka.

Nikapanda juu ya pipa. Nikanguruma: anayechelewesha alipe na riba, awe nani, awe na cheo gani! Makofi! Mama Nondo alipiga makofi hata wenzake waliponyamaza. Nadhani mama wa watu kanikubali.

Alhamisi, 6 Machi

Lori la shirika limeyashusha masanduku yote karakanani. Mkaguzi, mzee mpole, kachukua moja, kalifunga ukutani kwa skrubu. Kapiga magoti. Kalizunguka kwa macho. Kauliza kidirisha cha kusomea mita kiko wapi.

Kidirisha kilikuwa kimebusu ukuta. Vyote sitini.

Nimemweleza kuwa huo ni muundo mpya wa usalama, mwizi hawezi kusoma mita ya mtu. Kaniuliza taratibu: "Na msoma mita je, fundi?" Mke wangu kakimbilia ndani. Nimemsikia akijifanya anakohoa.

Mhasibu kasema siku za riba zinaanza mzigo ukishapokelewa, na wangu haujapokelewa hadi leo. Kwa hiyo riba, hakuna. Lakini nikivirekebisha vidirisha vyote kufikia kesho jioni, wanapokea, na Jumamosi asubuhi nalipwa deni langu. Nimemwambia nitalifikiria. Alipogeuka tu, nimetoka mbio kwenda kwa Mama Nondo.

Ijumaa, 7 Machi

Mama Nondo kakubali kuniazima mashine yangu mwenyewe, lakini kwa sharti. Kaikalia kama kiti, duka limejaa watu, kaniambia: "Mwenyekiti, si ulisema anayechelewesha alipe na riba, awe nani? Haya, mimi mwanachama wako."

Sikuwa na pipa la kupandia. Nimekubali.

Kazi kutwa! Mke wangu kakata, Shemeji kashikilia, mimi nimechomelea cheche zikiruka hadi barabarani. Kila sanduku Shemeji anauliza: "Bosi, mbele ni wapi?" Nimemvumilia kwa kuwa mikono yangu ilikuwa na kazi. Jioni mkaguzi kayapokea yote. Nilitaka kumkumbatia, kakimbilia lori.

Jumamosi, 8 Machi

Nimelipwa! Mashine imerudi nyumbani, nimeifuta vumbi kwa shati langu. Mama Nondo kachukua chake na riba yake bila hata kupepesa macho. Kilichobaki kimetosha vijiti vya kuchomelea na sabuni.

Habari mbaya: Shemeji kalipwa riba. Yeye! Tangi lake lilipokelewa zamani, kumbe. Anatembea mtaani kama yeye ndiye aliyeitunga kanuni. Chama kimemchagua mwenyekiti kwa kura zote isipokuwa ya katibu.

Haidhuru! Shirika la Umeme linataka masanduku mia. Mia! Vyuma nimeshavichukua kwa Mama Nondo kwa mkopo. Safari hii mashine haiguswi, nimeweka rehani baiskeli ya Shemeji. Nitamwambia akiwa na furaha.

Mke wangu kasema niuangalie mchoro wa masanduku hayo vizuri kabla sijakata chochote. Nimeuangalia. Nimeuangalia mpaka ukaanza kuniangalia.

Ukweli mmoja mdogo, ubaki humu humu: maandishi ya mchoro siyaoni. Hata shajara hii naiandika nikiwa nimevaa miwani ya mama mkwe, na bado anaitafuta. Inanifaa ajabu. Lakini karakanani siivai, hata kwa dawa. Ina maua.