Fuvu la Madame Odile

Jumatatu, 9 Juni
Ajabu! Miaka kumi na moja natengeneza Bikira Maria na Mtakatifu Yosefu wa plasta kwa parokia za Kolwezi, leo nimepata oda ya dinosaria. Mdogo, mla majani, wa zamani kupita mababu wote. Aliyeleta oda ni Madame Odile, mwalimu wa biolojia, yule ninayezunguka njia ndefu ya sokoni ili nipite mbele ya shule yake. Anataka fuvu tu, urefu wa kiganja, la kufundishia. Ameniachia picha. Akasema amehamishiwa Kisenge, anaondoka Jumamosi na fuvu lake. Jumamosi! Nilitaka kumwambia neno. Nikamwambia plasta haikauki upesi wakati wa baridi.

Jumanne, 10 Juni
Nimemaliza alfajiri, nikajisifu. Madame alipoliona akacheka mpaka akakaa kwenye mfuko wa saruji. Kumbe nimempa mnyama uso wa Mtakatifu Yosefu, na meno ya mbele tele. "Tata Kazadi, huyu anacheka ju ya nini?" Akanieleza kwa upole. Mbele kabisa hana meno, ana mdomo mgumu kama wa kuku, wa kukatia majani. Taya la chini lina mfupa wake wa peke yake kwenye ncha. Meno yako pembeni, yameingia ndani kidogo ili shavu lishike chakula kisidondoke. Na nyuma ya jicho kuna tundu kwa ajili ya msuli wa taya. Hapo sikuelewa. Akaniambia niume meno, akaniwekea kidole kwenye panja, akauliza kama nausikia msuli unaruka. Niliusikia mpaka miguuni.
Amekaa saa nzima. Sijanawa uso hadi sasa.

Jumatano, 11 Juni
Akili ni mali! Nikikosea, anakuja. Nikipatia, anachukua kitu chake anakwenda. Kwa hiyo mdomo nimeuweka sawa kabisa, ila tundu la nyuma ya jicho nimeliziba kama ukuta. Alipofika nikasema somo la jana limenitoka. Nikainamisha kichwa, panja tayari.
Tatizo ni Stany. Huyu ni jirani yangu, anafyatua misalaba ya makaburi, na saa ile hakuna aliyekufa. Akaingia bila kuitwa, tena na kiti! Madame akakaa, akamshukuru, akarudia somo lote kwenye panja la Stany. Stany akauma meno mara tatu, akasema hajasikia vizuri. Mwizi mkubwa.

Alhamisi, 12 Juni
Stany anashinda akipapasa panja lake na kuimba. Mimi nimelifungua tundu, kisha nimeng'oa kijifupa cha juu ya jicho, kile kinachompa mnyama sura ya mtu aliyekasirishwa. Pia nimeazima kiti kanisani.
Madame alikuja amechoka, vitu vyake nusu viko kwenye masanduku. Hakucheka. Akasema jana kijifupa kilikuwepo. Nikasema kimeanguka, baridi hii! Akaliweka fuvu chini. Akauliza kama nina neno lolote la kumwambia, lisilohusu mifupa. Nikasema ndiyo. Nikauliza meno ni kumi na mawili kila upande au kumi na matatu.

Ijumaa, 13 Juni
Mpango bora kuliko yote. Meno ya kushoto nimeyapachika kulia, ya kulia kushoto. Kazi ya kurekebisha ni siku mbili, lori la kesho limkose.
Akachukua kisu changu, akayang'oa, akayapanga mwenyewe kwa nusu saa. Plasta ilimfika viwikoni. Nilikaa namwangalia na kuomba hiyo nusu saa isiishe, na ikaisha. Akalifunga fuvu kwenye kitenge, akasema polepole, Stany asisikie: "Tata Kazadi, mi hapana mutoto. Tangu juzi najua unaharibisha kusudi. Nilikuwa nakuya tu, nangojea useme. Na hausemi." Akaongeza kuwa Kisenge si mwisho wa dunia, na mwenye neno anaweza kuandika barua. Akaenda.

Jumamosi, 14 Juni
Lori limeondoka saa mbili asubuhi. Nilisimama nyuma ya magunia ya makaa nisionekane. Alikaa mbele, kifurushi mapajani, akitazama huku na huku. Alikuwa ananitafuta. Najua, maana nilimwona vizuri sana kutoka pale nilipojificha.
Nampenda. Haya, nimeandika. Kwenye daftari ambalo hakuna anayelisoma. Karakana imekuwa kubwa leo, na kelele za kazi ya Stany pekee ndizo zinazoingia. Hata yeye haimbi.

Jumapili, 15 Juni
Sikwenda misa. Nimeandika barua kutwa nzima, nimechana karatasi tisa. Alisema mwenye neno aandike, nami ni mtu wa kusikia ninapoambiwa. Lukusa, dereva wa lori la kesho, ataipeleka mkononi mwake. Barua yenyewe ni hii:
"Madame Odile, salamu. Nasikitika kukujulisha kwamba fuvu ulilochukua lina kosa moja kubwa. Liko wapi, haiwezekani kueleza kwa maandishi. Tafadhali lilete haraka wewe mwenyewe. Fundi wako, Kazadi."
Nimeisoma mara tano. Hakuna kilichosahaulika.