Daktari Aliyekataa Kumpiga Sindano Komando

Mitwero, Lindi
12 Juni 1996

Ndugu Ofisa Mifugo,

Salamu nyingi kwako na kwa wote walio chini yako. Mimi Klementi, niliyekuwa mtunza ghala la korosho hadi lilipouzwa mwaka jana kwa mtu binafsi nasi tukapunguzwa, naomba kwa heshima umfutie leseni Daktari Tawakali, aliyefungua kliniki ya wanyama jirani na duka la Mzee Qutbuddin.

Mbwa wangu Komando alijificha chini ya kitanda siku nne bila kula. Nikamwita daktari ampige sindano. Malalamiko yangu ni haya:

1. Hakumpiga sindano. Alimpima joto, akamkagua meno, kisha akaketi mkekani akimtazama saa nzima huku anaandika. Nilipouliza dawa iko wapi, akanijibu, "Subiri, mzee, mbwa anajieleza." Ndugu Ofisa, Komando hajawahi kutamka neno.

2. Aliniruka mimi mwenye mbwa, akamwuliza mke wangu Katarina ni wakati gani Komando hukimbilia uvunguni. Katarina, niliyefunga naye ndoa kanisani, akajibu mbele ya mgeni: "Baba Rosemary akishika tu kitasa cha mlango."

3. Alisema mwili wa mbwa ni mzima, ila ana hofu, na kwamba makelele ya nyumbani yanatosha kumlaza mnyama. Nilimfahamisha, kwa sauti ileile niliyoitumia ghalani miaka ishirini na miwili, kwamba mimi sipigi kelele. Komando akajikojolea. Daktari akaandika na hilo.

4. Dawa yenyewe! Nikiingia nyumbani niketi chini, niseme polepole, nimlishe kwa mkono wangu, siku saba. Yaani augue mbwa, dozi nimeze mimi. Tukilinyamazia hili, kesho mbuzi watatushitaki, na kuku wa Kiranjeranje watadai tupige hodi bandani.

Nisalimie makarani, na ng'ombe wa serikali kama hawajauzwa.

Ni mimi, mwenye nyumba hadi sasa,
Klementi

Nyongeza: Barua imechelewa siku tisa kwa kukosa stempu. Leo Komando amekula dagaa kiganjani mwangu. Binti yangu Rosemary alikuwa anachungulia mlangoni; akaja taratibu, akaketi akaniegemea, jambo ambalo hajalifanya tangu mwaka jana. Tafadhali usimfutie daktari leseni. Mwulize tu, kwa siri, baba aanzie wapi kumwomba radhi mtoto wa miaka minane.