Mkate wa Miaka Sabini ya Mama Mkwe

Jumanne, 4 Machi

Nimetangaza rasmi. Jumamosi mama mkwe anatimiza miaka sabini, na mkate mtamu wa kusuka nitaoka mimi. Mimi, fundi cherehani, niliyetia lasi mashela yasiyo na idadi. Mke wangu alicheka mpaka akakaa chini. Akasema mkate huo huokwa na dada yake kila mwaka na hakuna aliyewahi kulalamika. Ndiyo maana hasa! Miaka kumi na mmoja nimeoa nyumba ile, na mama mkwe bado ananiita "fundi". Mume wa shemeji, asiyejua hata kubadili balbu, anaitwa "mwanangu". Nalitaka neno hilo. Nitalipata kwa unga.

Pia nimalizie gauni lake la siku hiyo. Sufu, rangi ya zambarau. Kazi ndogo.

Jumatano, 5 Machi

Jaribio la kwanza. Maelekezo yanasema hamira ikorogwe kwenye maziwa ya uvuguvugu. Nikawaza: kama uvuguvugu unaiamsha, maziwa yanayochemka yataifanya iruke kitandani. Haikuruka. Donge lilikaa saa tatu vilevile nilivyoliacha. Nikalioka hivyohivyo. Mke wangu aliupima mkate mkononi, akauweka nyuma ya mlango wa jikoni. Tangu mchana mlango haujabamizwa na upepo. Kwa hiyo si hasara.

Alhamisi, 6 Machi

Upelelezi. Nimekwenda kwa shemeji na futi shingoni, nikisingizia kumpima sketi. Alikuwa akikanda. Nikampima kiuno, nikapima na bakuli. Donge: inchi tatu. Baada ya saa moja na nusu: inchi sita. Nikaandika kiganjani. Shemeji akauliza tangu lini sketi inapimwa kwenye bakuli. Kisha akanieleza yote bila kuombwa. Maziwa yasiunguze kidole. Hamira kijiko kimoja. Donge lifunikwe mahali penye joto, na likishaumuka maradufu lisukwe papo hapo.

Nilisikitika kidogo. Siri ya kupewa bure haina ladha. Isitoshe, anayekwambia yote lazima amebakiza nusu. Vijiko viwili, basi.

Ijumaa, 7 Machi

Baridi. Nimelipeleka donge chumba cha cherehani, kando ya pasi, nikalifunika kwa kitu chenye joto kuliko vyote mle ndani: gauni la mama mkwe, lililokwisha kuwa tayari. Fundi gani mwingine angewaza hivyo? Nikaenda kunywa chai na kuwasimulia majirani. Maongezi yakanoga.

Niliporudi, donge lilikuwa limevaa gauni. Limejaza mkono wa kushoto na linachungulia kolani. Nakiri niliogopa. Lakini pia niliona jinsi gauni lilivyokaa vizuri mabegani. Nimekwangua, nimefua, nimepiga pasi. Kila pasi ilipopita palinukia mkate, na harufu ilikuwa nzuri. Donge lililosalia nimelisuka misuko mitatu, mishono imenyooka kabisa, nikalioka.

Jumamosi, 8 Machi

Wageni thelathini. Mkate wa shemeji uling'aa. Wangu ulikuwa umebonyea katikati kama kofia iliyokaliwa, ila misuko ilionekana. Mama mkwe akasema gauni limempendeza, lakini tangu alivae anasikia njaa. Akala vipande viwili vya mkate wa shemeji. Wangu akaonja kidogo kwa heshima, akatafuna kwa muda mrefu, huku akibandua kitu kigumu kwenye pindo la mkono wa kushoto. Akakinusa. Akakionja nacho.

Akaniita karibu, akasema taratibu, "Mwanangu, nakuomba, wewe shona tu."

Mwanangu. Mbele ya watu thelathini! Nimejifanya natafuta leso ili machozi yasionekane. Sijapata kuwa na fahari namna hii tangu siku ya ndoa.

Jumapili, 9 Machi

Mke wangu ameniuliza kama niliisikia sentensi yote. Niliisikia. Mzazi humkataza sana mtoto anayemjua kuwa atafika mbali. Shemeji nimempelekea salamu kwamba mwaka ujao apumzike, nyumba ina mwoka mikate.

Nimechunguza pia kilichoubonyeza mkate. Ulikosa nguvu. Asubuhi nimekanda donge jipya, hamira vijiko vinne. Sasa hivi nimesikia kifuniko cha sufuria kikianguka jikoni, na mke wangu ananiita kwa jina langu kamili. Dalili njema.