Kwikwi ya Simanzi na Ushindi wa Binti Mfua Bati

Sogeeni, enyi mlioketi na mliosimama, na wewe pia unayejifanya huna haja ya kusikia ilhali umekwisha kutega sikio! Mwenye sufuria motoni na aiepue, mwenye chafya na aimalize kwanza, kwa maana habari niliyoibeba ni nzito kuliko vita vyote mlivyopata kusimuliwa. Nitanena juu ya siku ile Simanzi, pepo mkuu wa huzuni, chemchemi ya sanaa zote chini ya jua, aliposhikwa na kwikwi; na juu ya mwanamke mmoja, mwenye rangi ya samawati kiwikoni, aliyesimama kuikabili.

Katika mji wetu, ijulikane, hakuna msanii afanyaye kazi bila Simanzi. Ni mrefu kama mlango, mwembamba kama moshi, na pindo la joho lake la kijivu halikauki kamwe. Huingia bila kubisha hodi, huketi juu ya kigoda, huvuta pumzi ndefu, kisha huishusha. Na pumzi ile ikimgusa mfinyanzi, chungu hupata shingo. Ikimgusa mwimbaji, wimbo hupata kiitikio. Asipokuja, mtu hubaki kuchora vikombe.

Shujaa wetu ni Binti Mfua Bati, simba jike wa brashi, mtisha turubai, mwenye chumba cha kazi juu ya karakana ya baba yake. Na baba yake huyo, Mzee Mfua Bati, nuru ya macho ilikuwa ikimponyoka. Baada ya wiki moja angekwenda kupasuliwa macho, na daktari hakumficha: huenda angeona vizuri, huenda asione tena.

"Basi nichoree mama yako," alimwambia binti yake. "Nimwone mara moja, halafu na waje na visu vyao."

Binti akachora siku sita. Paji la uso likakubali, masikio yakatii, shingo ikasalimu amri. Lakini mdomo! Mdomo ule ulikuwa ngome isiyotekwa. Aliuchora mara kumi na tisa, na kila mara marehemu alitokea ama kama anapoza chai, ama kama ameng'atwa na siafu.

Siku ya saba, saa nane mchana, Simanzi akaingia kupitia dirishani. Binti akapiga moyo konde, akachovya brashi.

"Ewe mwana wa udongo," pepo akaanza, kwa sauti ya mvua ya mbali, "nimekuletea majonzi ya vizazi na... kwi!"

Brashi ikaruka. Marehemu akaota sharubu.

"Uniwie radhi," akasema Simanzi, akijifunika mdomo kwa joho. "Ni tangu ju... kwi! Tangu juzi."

Kumbe pepo alikuwa amezunguka mji mzima katika hali hiyo, na maafa yalikuwa makubwa. Mchonga sanamu wa mtaa wa pili alikuwa amempa mheshimiwa mmoja pua mbili. Mwimbaji wa ng'ambo ya barabara alikuwa akiimba ombolezo lililorukaruka kiasi kwamba majirani walikuwa wakilicheza, mikono kiunoni.

"Kuna nini huko juu?" akaita Mzee kutoka karakana.

"Simanzi ana kwikwi, Baba!"

"Mpe maji!"

Ndipo vita vikaanza. Binti akajaza bilauri, akamwamuru pepo anywe mafunda saba bila kupumua. Simanzi akanywa kwa utii. Lakini maji yakapita katikati yake kama yapitavyo kwenye chujio, yakapenya nyufa za sakafu.

"Nimesema umpe yeye, si mimi!" Mzee akafoka kutoka chini.

Binti akamziba pumzi. Mji mzima ukakwama: gurudumu la mfinyanzi likasimama, mwimbaji akabaki kinywa wazi, na majirani wakabaki mguu mmoja hewani. Kisha, kwi!

Basi Mzee mwenyewe akapanda ngazi, akipapasa ukuta kwa mkono mmoja na kukokota bati zima kwa mwingine, akanyemelea nyuma ya pepo, akalitwanga nyundo. Kuku wa mitaa mitatu walipaa wakasahau kwamba hawajui kuruka.

"Nilikuwapo milima ilipopasuka," akasema Simanzi kwa upole. "Hilo ni bati tu, mzee wangu. Kwi!"

Mzee akaketi kwenye ngazi, akitweta. "Basi, mwanangu. Iache picha. Mdomo wake bado naukumbuka kidogo."

Neno hilo *kidogo* likamchoma Binti kuliko mkuki. Akamgeukia pepo.

"Hii kwikwi ilikuanzaje?"

"Nilikuwa kwa mshairi," akasema Simanzi. "Alilia, akamaliza beti zake, akainuka akala. Wote hulia wakainuka wakala. Mimi huenda kwa mwingine. Siku hiyo nami nilitaka kulia, nikakibana kilio, kwi, kwa kuwa nilikuwa nachelewa."

Hapo Binti Mfua Bati hakupanga hila wala mbinu. Aliweka brashi chini, akasema kama alivyolelewa:

"Pole, dada yangu. Pole sana."

Enyi wasikilizaji! Neno hilo ambalo sisi humpa hata aliyejikwaa mlangoni, tangu dunia kuumbwa hakuna aliyewahi kumpa yeye. Simanzi akashtuka, macho yakamtoka kama sahani. Wakangoja. Hapakuwa na kwi.

"Hujibiwaje?" akanong'ona.

"Unasema, nimeshapoa," akajibu Mzee. "Hata kama hujapoa."

"Nimeshapoa," akasema Simanzi, akiangua kilio kifupi, chake mwenyewe, chenye makamasi. Kisha akashusha pumzi, ndefu, nzima, isiyo na kiraka.

Binti akazifuta sharubu, akaokota brashi, na mkono wake ukaenda mdomoni mara moja tu.

Mzee akasogea hadi pua ikagusa rangi mbichi. Akatazama kulia, akatazama kushoto.

"Ndiye," akasema hatimaye. "Hapa anataka kuniuliza viatu nimeviacha wapi." Akacheka hadi akashika fremu asianguke, na Simanzi akamshika upande wa pili.

Kesho yake Mzee alikwenda kupasuliwa akiwa na pua ya waridi ambayo manesi walishindwa kuisugua. Jicho la kulia lilipona. La kushoto lilibaki na msimamo wake.

Basi na iandikwe, kwa wino usiochuja, kwamba siku ya Jumanne, saa tisa na robo alasiri, kwikwi iliyotikisa ulimwengu wa sanaa iliangushwa bila upanga wala farasi, na mwanamke aliyevaa aproni. Wapo wafalme waliojengewa minara kwa mambo madogo kuliko hayo.